R'lyeh, mji wenye pembe zisizoaminika: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ukiwa mpenzi wa hadithi za kutisha, siku moja utakutana na jina R'lyeh, na mtu atakuambia kwamba mji huo una "jiometri isiyo ya Euclid" kisha atanyamaza, kana kwamba amekwisha kueleza. Haya ndiyo maswali ninayoulizwa baada ya kimya hicho.

R'lyeh ni nini?

Ni mji wa kubuni. Aliubuni H. P. Lovecraft, Mmarekani wa Providence, katika hadithi yake "The Call of Cthulhu" aliyoiandika mwaka 1926. Mhariri wa jarida la Weird Tales aliikataa, baadaye akageuza nia na kuichapisha Februari 1928. Ndani ya hadithi, R'lyeh ni mji wa mawe uliozama Pasifiki, na humo amelala Cthulhu, dubwana mwenye kichwa kama pweza, akiota ndoto. Mwaka 1925 tetemeko linaunyanyua mji hadi juu ya maji. Mabaharia wanane wanaufikia. Wawili wanaondoka wakiwa hai, na mmoja wao anafia njiani akiwa amerukwa na akili.

Inatamkwaje?

Vyovyote. Mimi husema "Rilye" na hakuna aliyewahi kunikosoa. Lovecraft mwenyewe alieleza kwenye barua kwamba jina Cthulhu ni jaribio tu la binadamu kuandika sauti ambayo haikutengenezwa kwa koo la binadamu, kwa hiyo ukiumauma ulimi ujue uko kwenye njia sahihi.

Kwenye ramani uko wapi?

Lovecraft aliupa anwani kamili: latitudo nyuzi 47 na dakika 9 kusini, longitudo nyuzi 126 na dakika 43 magharibi. August Derleth, aliyeziendeleza hadithi hizi baada yake, aliusogeza kidogo kusini-magharibi. Ukitafuta mahali hapo leo utaona bluu tupu.

Kinachofurahisha ni jirani yake. Mwaka 1992 mhandisi wa upimaji, Hrvoje Lukatela, alikokotoa kwa kompyuta mahali baharini palipo mbali kuliko pote na nchi kavu. Panaitwa Nemo, na kutoka hapo hadi kisiwa cha karibu ni kilomita 2,688 hivi. Kwa hesabu yangu, R'lyeh ya Lovecraft iko takriban kilomita 310 tu kutoka Nemo. Lovecraft aliyafanya hayo miaka zaidi ya sitini kabla, bila kompyuta. Nadhani alitazama tu ramani akachagua penye upweke zaidi.

Ule mngurumo wa 1997 haukutoka huko?

Hapana. Mwaka 1997 maikrofoni za chini ya bahari za shirika la Marekani la bahari na anga, NOAA, zilinasa mngurumo mkubwa kutoka Pasifiki ya Kusini, na wapenzi wa Cthulhu wakafanya sherehe. Baadaye watafiti walieleza kwamba sauti ile inafanana na ya barafu kubwa inayopasuka. Ukitaka sadfa nzuri zaidi, chukua hii: katika hadithi, mabaharia wanakanyaga R'lyeh tarehe 23 Machi. Kituo cha anga cha Mir kiliangushwa katika Pasifiki ya Kusini tarehe 23 Machi 2001. Sina cha kuongeza.

Majengo yake yana kasoro gani hasa?

Hapa ndipo penye utamu. Hadithi haikupi kipimo cha pembe hata kimoja. Inakupa mashahidi waliochanganyikiwa.

Tazama kisa cha mlango. Mabaharia wanaukuta chini ya nguzo kubwa ya mawe. Wote wanakubali kwamba ni mlango, maana una linta, kizingiti na miimo kama mlango wowote. Wanachoshindwa kukubaliana ni kama umelala chali kama mfuniko wa kisima, au umeinama kama mlango wa ghala la chini ya nyumba. Mmoja anapanda pembeni mwake akiupapasa. Msimulizi hapohapo anasita: ni kupanda kweli, au ni kutambaa kwenye kitu kilicholala? Hawana hata uhakika kama bahari nyuma yao iko sawa. Kwingine jiwe linaonekana limebinuka, ukilitazama mara ya pili limebonyea.

Halafu kuna Parker. Mlango umefunguka, mwenye mji ametoka, watu wanakimbilia boti. Parker anateleza, na baharia aliyesalia anaapa kwamba mwenzao alimezwa na pembe ya jengo ambayo haikupaswa kuwapo pale: pembe kali iliyojifanya pembe butu. Ni sentensi moja tu. Mimi naiona ndiyo iliyoubeba mji mzima, kwa sababu inageuza somo la darasa la sita kuwa kitu cha kuulia mtu.

"Isiyo ya Euclid" maana yake nini?

Euclid aliishi Alexandria, Misri, karibu mwaka 300 kabla ya Kristo. Alipanga jiometri yote juu ya kauli chache zinazokubaliwa bila ushahidi. Nne ni fupi na hazina ubishi. Ya tano ni ndefu, na ukiifupisha inasema hivi: ukiwa na mstari, na nukta iliyo nje yake, unaweza kupitisha kwenye nukta hiyo mstari mmoja tu ulio sambamba na ule wa kwanza. Kwa miaka elfu mbili wataalamu waliitilia shaka. Omar Khayyam alihangaika nayo, Nasir al-Din al-Tusi naye, na Saccheri mwaka 1733. Wote walitaka kuonyesha kwamba inatokana na zile nne.

Haitokani. Lobachevsky alichapisha mwaka 1829, Bolyai mwaka 1832, kila mmoja kwa njia yake, kwamba unaweza kuikana kauli ya tano na bado ukapata jiometri kamili isiyojipinga popote. Mwaka 1854 Riemann akaipanua: nafasi inaweza kuwa na mpindo wake yenyewe, tena unaobadilika kutoka mahali hadi mahali.

Kama maneno hayo ni mazito, tafuta mshonaji wa mikeka. Chukua ukili mrefu, anza kuuzungusha na kuushona, mzunguko juu ya mzunguko. Mkono ukiwa wa wastani, unapata duara lililolala bapa sakafuni: huyo ni Euclid. Ukivuta ukili kila mzunguko, ukaunyima urefu, kazi inaanza kuinuka katikati na mwisho unapata kofia. Huo ndio mpindo wa chungwa, na wa dunia. Sasa fanya kinyume: kila mzunguko uachie ukili mwingi kuliko unaohitajika. Kazi inakataa kulala. Pembezoni inajikunja, inapanda na kushuka, inafanya marinda kama jani la sukuma wiki. Hiyo ndiyo nafasi ya Lobachevsky. Mama yeyote anayeshona atakuambia kazi imeharibika. Haijaharibika, imebeba nafasi nyingi kuliko sakafu yako inavyoweza kupokea.

Kwa hiyo sisi wenyewe tunaishi kwenye jiometri isiyo ya Euclid?

Juu ya uso wa dunia, ndiyo. Simama Nanyuki, pale ikweta inapopita. Nenda kaskazini moja kwa moja hadi ncha ya dunia. Geuka, shuka moja kwa moja hadi Macapá, Brazili, mji mwingine unaopitiwa na ikweta. Kisha fuata ikweta mashariki urudi Nanyuki (utalowa). Umetembea mistari mitatu iliyonyooka kadiri uso wa dunia unavyoruhusu. Pembe ya Nanyuki ni nyuzi 90. Ya Macapá ni 90. Ya kule nchani ni nyuzi 88 hivi. Jumla 268, ilhali mwalimu alikuapia kwamba pembetatu ina nyuzi 180.

Hakuna aliyemezwa na ukuta. Hilo likumbuke, tutalirudia.

Mji wenye mpindo wa Lobachevsky ungekuwaje kuishi?

Ungekuwa mkubwa kupita akili. Tuseme kipimo cha mpindo wake, yaani umbali ambao juu yake mpindo unaanza kuonekana, ni mita 100. Unakaa kilomita moja kutoka sokoni. Katika mji wa kawaida, barabara ya mzunguko inayopita mlangoni kwako na kulizunguka soko ingekuwa na urefu wa kilomita 6.28. Katika mji huu ingekuwa na kilomita 6,900 na ushei, pungufu kidogo tu ya safari ya ndege kutoka Dar es Salaam hadi Paris. Wote mnaoishi kando ya barabara hiyo mko kilomita moja tu kutoka sokoni.

Fikiria maana yake. Hakuna msongamano, hakuna ugomvi wa viwanja. Lakini ukitoka sokoni ukakosea mwelekeo kidogo sana, utajikuta mbali mno na nyumbani, na kila unavyosonga ndivyo njia yako sahihi inavyokukimbia. Njia ya uhakika ni kurudi sokoni uanze upya. Kwangu mimi hilo linatisha kuliko pweza.

Basi Lovecraft alikuwa sahihi kuuita mji wake "usio wa Euclid"?

Hapa nitawaudhi baadhi ya wenzangu. Sidhani.

Jiometri ya Lobachevsky ina pembe kali na pembe butu kama zetu, na pembe kali hubaki kali. Jumla tu ya pembetatu ndiyo inayopungua. Hakuna mahali ndani yake ambapo kitu kimelala na kusimama kwa wakati mmoja. Ni jiometri yenye adabu. Kinachosimuliwa na mabaharia ni kitu kingine: maumbo yasiyowezekana, yale ambayo kila kona yake peke yake ni sawa, lakini ukiziunganisha kona zote zinapingana.

Maumbo hayo yalikuja kuchorwa vizuri baadaye. Mwaka 1934 kijana Mswidi, Oscar Reutersvärd, akichora ovyo darasani, alipanga vijisanduku vikatoa pembetatu isiyoweza kuwepo. Mwaka 1958 Lionel Penrose na mwanawe Roger walichapisha pembetatu yao pamoja na ngazi ambayo ukiipanda daima unarudi pale ulipoanza. Lovecraft alifariki Machi 1937. Ngazi hiyo hakuiona, ila ukisoma habari za ule mlango utadhani ameiona.

Mchoraji M. C. Escher ndiye anayenisaidia kuonyesha tofauti, maana alifanya yote mawili. Watawa wake wanaozunguka ngazi isiyo na mwisho juu ya paa ni umbo lisilowezekana, alilolichukua kwa akina Penrose. Duara zake zilizojaa samaki wanaozidi kuwa wadogo kuelekea ukingoni ni jiometri ya Lobachevsky halisi, aliyoonyeshwa na mwanahisabati Coxeter. Weka picha hizo mbili mezani. Ya kwanza inakuumiza kichwa. Ya pili inapendeza, unaweza kuitundika sebuleni.

Alijua hisabati lakini?

Kidogo. Alipenda astronomia tangu utotoni na aliandika makala za nyota kwenye magazeti ya kwao, lakini alikiri kwamba hisabati ndiyo iliyomzuia kuwa mwanaastronomia. Neno "isiyo ya Euclid" lenyewe lilikuwa hewani. Nadharia ya Einstein ya mwaka 1915 ilidai kwamba uvutano ni mpindo wa nafasi na wakati, na tarehe 29 Mei 1919 wanaastronomia walipima mwanga wa nyota ukipinda kando ya jua lililopatwa. Kundi moja lilikuwa Sobral, Brazili, jingine kisiwani Príncipe, hapa hapa Afrika, Ghuba ya Guinea. Magazeti yalipiga kelele. Msomaji wa 1928 alijua Euclid ameshindwa mahali fulani, hata kama hakujua ni wapi, na Lovecraft aliitumia hofu hiyo kama pilipili: kiasi kidogo, mahali panapofaa.

Nilipotea Mji Mkongwe, Zanzibar, nikarudi mara tatu kwenye duka lile lile. Je, hiyo si jiometri iliyopinda?

Pole, lakini hapana. Vichochoro vile vimepinda, nafasi haijapinda. Jaribio ni hili: je, unaweza kuchora mitaa yote kwenye karatasi bapa, kila urefu na kila pembe vikiwa sawa na vya kweli? Mji Mkongwe unaweza, ila uwe na subira. Ule mji wa marinda hauwezi, karatasi itachanika au itakunjika. R'lyeh haiwezi pia, kwa sababu mbaya zaidi: wachoraji wawili waliosimama pamoja wangerudi na ramani mbili.

Na mji wa majini baharini?

Sisi wa Pwani tumelelewa na habari za watu waliochukuliwa ujinini. Katika zile nilizosimuliwa mimi, mtu hukuta nyumba, mazulia, ubani, na sinia la chakula analokatazwa kula. Milango inafunguka kama milango. Hatari iko kwa wenyeji na masharti yao, kuta hazina kosa. Ndiyo maana bibi yangu, nilipomsimulia R'lyeh, aliuliza swali moja tu: "Sasa mjukuu wangu, hao wanaingiaje ndani?"

Je, kuna magofu halisi yaliyomfanya aufikirie?

Watu hutaja Nan Madol, Mikronesia, mji wa kale uliojengwa kwa nguzo za mawe ya volkano juu ya mwamba wa matumbawe, ulioingizwa kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2016. Unafaa kutazamwa kwa ajili yake wenyewe. Pembe zake ni za kawaida.

Jengo la namna hii linaweza kujengwa?

Kuonekana, ndiyo. Kuwa, hapana.

Perth, Australia, ina sanamu ya pembetatu ya Penrose yenye urefu wa mita 13.5, iliyosimamishwa mwaka 1999. Kutoka mahali maalumu unaiona imefungana kabisa. Sogea hatua chache, unaona vyuma vitatu vilivyoachana, umedanganywa. Roma, katika jumba la Spada, Borromini alijenga karne ya 17 ukumbi wa nguzo wenye urefu wa mita 8 na kitu, ambao ukiutazama unaapa unapita mita 30. Sakafu inapanda, dari inashuka, nguzo zinazidi kuwa fupi. Sanamu iliyo mwisho, unayodhani ni ya mtu mzima, haifiki mita moja. Mtu akitembea kuielekea anageuka jitu. Ukitaka kujua kwa mwili wako mabaharia wale walihisi nini, nenda hapo.

Kompyuta imetuvusha zaidi. Mchezo wa HyperRogue unakutembeza kwenye nafasi ya Lobachevsky iliyokokotolewa sawasawa, na mle ndani kuna eneo liitwalo R'Lyeh. Nilidumu dakika nne. Sikuuawa, nilipotea.

Kwa nini baadhi ya Waafrika hawataki kumsikia mwandishi huyu?

Kwa sababu alikuwa mbaguzi, na si kwa faragha tu. Katika hadithi hii hii, wanaomwabudu Cthulhu ni mabaharia machotara na watu weusi wanaosimuliwa kwa dharau. Barua zake zina makali zaidi. Nnedi Okorafor, mwandishi Mmarekani mwenye asili ya Nigeria, alishinda tuzo ya World Fantasy mwaka 2011, akapewa sanamu ya kichwa cha Lovecraft, na aliandika waziwazi jinsi ilivyo kukabidhiwa kichwa cha mtu wa namna hiyo. Sanamu hiyo iliondolewa kwenye tuzo mwaka 2015.

Mimi namsoma, ila simsomi nikiwa nimefumba macho. Hofu yake ya pembe "zisizo za kawaida" na hofu yake ya watu "wasio wa kawaida" zilitoka mfuko mmoja. Kila ambacho hakikuwa mtaa wake alikiona kimepinda. Wakati huohuo chungwa lililokuwa mezani kwake lilikuwa na pembetatu za nyuzi 268.

Naruhusiwa kuandika hadithi yangu ndani ya R'lyeh?

Ndiyo. Hakimiliki ya hadithi ya asili imekwisha, huko Marekani na kwingi kwingine. Angalia tu usichukue kilichoongezwa na waandishi wa baadaye. Na ushauri wangu: usitumie neno "Euclid" hata mara moja. Mwache fundi wako apime.

Apime vipi?

Kama mafundi wetu wanavyotafuta skwea. Unapigilia kigingi kwenye kona, unapima futi 3 upande huu, futi 4 upande ule, kisha unavuta kamba kati ya alama mbili. Ikisoma 5 kamili, kona ni mraba. Chumba nilichopanga zamani fundi wake aliiruka hatua hiyo: vigae vilianzia mlangoni vikiwa vizima, na kufika dirishani vimekuwa ncha nyembamba kama vipande vya tikiti. Huo haukuwa mpindo wa nafasi, ulikuwa uvivu.

Juu ya chungwa, kona ikiwa mraba kweli, kamba itasoma chini ya 5. Kwenye nafasi ya Lobachevsky yenye mpindo mkali wa kipimo cha futi moja, itasoma 6.3. Vyote viwili unaweza kuviandika kwenye daftari, ukarekebisha, ukaendelea kujenga. Katika R'lyeh, fundi anasoma 5, saidia anayeshika kamba upande wa pili anasoma 7, na wote wawili wanasema kweli.

Hapo waache kamba palepale, wakimbilie boti.